Sura ya Saba: Nafasi ya Kukaa na Wenzako

Zamani huko Rungwe, katika nchi ya Wanyakyusa, mtoto wa kiume alipofikisha miaka 10 au 11 alihama nyumbani kwa baba yake. Hakuwa amefukuzwa wala hakuwa na ugomvi na mtu. Kwa miaka kadhaa alikuwa akichunga ng'ombe na wenzake wa umri mmoja, wakipigana mieleka, wakitaniana, wakijuana nani mwoga na nani mchoyo, na sasa wakati wa kujenga pamoja ulikuwa umefika. Walioneshwa mahali, si mbali na kijiji cha baba zao, wakakata mianzi na nyasi, wakasimamisha vibanda vyao wenyewe. Mchana walirudi kulima mashamba ya baba zao. Chakula walikula kwa mama zao, lakini hakuna aliyekwenda peke yake. Walikwenda kundi zima, leo kwa mama wa huyu, kesho kwa mama wa yule, na kila mama alijua kwamba zamu yake ikifika atawapakulia watoto wengi kuliko aliowazaa. Usiku waliota moto katika kijiji kisichokuwa na mtu mzima hata mmoja, wakaongea mpaka usingizi ukawachukua.

Kijiji hicho kilikua pamoja nao. Walipooa, wake walikuja kuishi humo humo. Walipozaa, watoto wao wa kiume nao walitoka wakajenga kwao. Mara moja katika kila kizazi, kwa kadiri ya miaka 30 hivi, ilifanyika sherehe ya ubusoka, wazee wakakabidhi nchi kwa vijana, na wale waliokuwa wachunga ng'ombe wakawa ndio wenye nchi. Marika yapo sehemu nyingi za Afrika Mashariki, kwa Wamasai na kwa wengine wengi, lakini watu wa rika moja kuishi kijiji kimoja tangu utotoni hadi kaburini ni jambo la nadra sana popote duniani.

Kwa nini walijipanga hivyo? Sababu moja ilikuwa staha. Mila ilitaka mambo ya ndoa ya wazazi yasifike masikioni mwa watoto, na ilimtaka mke wa kijana amkwepe kabisa baba mkwe wake, asikutane naye hata njiani. Vizazi viwili vikiishi mbali mbali, staha hiyo inakuwa rahisi kuilinda. Sababu ya pili ndiyo iliyonifanya niandike sura hii. Watu wa Rungwe walishikilia kwamba binadamu hakamiliki bila kuwa na muda mwingi wa kukaa na walio sawa naye: kula nao, kunywa nao, kubishana, kucheka, kusikiliza. Mwenendo huo waliuita ukwangala, na walipotaka kumsifu mtu au kumlaumu, waliupima utu wake kwa huo.

Tunayajua haya kwa kina kwa sababu ya Godfrey Wilson na mkewe Monica, wataalamu wa mila waliokaa Rungwe kati ya 1934 na 1938. Godfrey alifariki mwaka 1944, kabla ya kuandika kitabu kikubwa alichokusudia. Monica, akiwa na madaftari ya wote wawili, alichapisha mwaka 1951 kitabu kiitwacho Good Company, na humo aliyaeleza maisha ya vijiji vya marika kwa undani ambao bado haujapitwa. Jambo linalonigusa zaidi katika kitabu hicho ni maelezo ya wenyeji kuhusu mahali busara inapotoka. Waliwaambia wageni wao kwamba mtu huipata kwa kuongea na wenzake. Anayeng'ang'ania moto wa baba yake, anayelala karibu na mama yake wakati wenzake wamekwisha kutoka, atakua na mwili lakini hatakuwa na akili ya kuishi na watu.

Ukilipima vizuri dai hilo utaona ni zito. Wazee walijua kulima, walijua dawa, walijua historia ya koo na mipaka ya mashamba, na elimu hiyo waliirithisha. Hata hivyo walikubali kwamba kuna elimu ambayo mzee hawezi kumpa kijana kwa sababu mzee ni mkubwa kwake. Mbele ya baba, mtoto hutii au hukaidi. Mbele ya mwenzake analazimika kushawishi, kusubiri zamu, kukubali kushindwa hoja, kuvumilia mzaha, kugawana kipande cha nyama kisichotosha. Hayo hayana mwalimu. Yanahitaji muda usio na ratiba, na watu wasio na sababu ya kuogopana.

Sisi wa leo tumezoea kuyatetea mapumziko kwa kuyaombea radhi. Tunasema pumzika ili kesho ufanye kazi vizuri. Mwache mtoto acheze ili akili yake ishike masomo. Nenda likizo urudi na nguvu. Kazi ndiyo bwana, na mapumziko ni mtumishi anayempikia. Mwanafalsafa Aristotle, zaidi ya miaka 2,300 iliyopita, aliliona kosa hili. Kwake yeye mtu hufanya kazi ili apate nafasi, yaani muda usio wa kazi, kama ambavyo watu hupigana vita ili wapate amani, na mapumziko yanayochukuliwa kwa ajili ya kurudi kazini bado ni sehemu ya kazi. Sheria yetu ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inamlinda mfanyakazi asipangiwe zaidi ya saa 45 za kawaida kwa wiki, na inampa siku 28 za likizo kwa mwaka. Ni sheria ya haki, na waajiri wengi wangeifuata tungekuwa mbali. Lakini sheria inaweza kukuambia tu saa ya kuweka jembe chini. Ukishaliweka, unakwenda wapi, na kukaa na nani? Rungwe ya zamani ilikuwa na jibu la swali hilo, na jibu lenyewe lilikuwa limejengwa kwa mianzi, lina mlango na lina moto.

Tofauti ya watu wa Rungwe na Aristotle iko mahali pengine. Yeye aliona kilele cha nafasi kuwa ni kutafakari, akili ikiwa peke yake na ukweli. Aliyestahili nafasi hiyo alikuwa mwanamume huru mwenye watumwa wa kumlimia. Mwanamume wa Kinyakyusa alishika jembe mwenyewe. Kulivunja vunja lile tifutifu jeusi la volkano, kupanda na kushuka miteremko ya Rungwe kwenye mvua ambayo huzidi milimita 2,000 kwa mwaka, ilikuwa kazi ya wanaume na wana wao. Na kilele chao cha maisha mema kilihitaji watu zaidi ya mmoja. Mtu aliyekaa peke yake na mawazo yake, hata yangekuwa mazuri namna gani, walimwonea huruma au walimshuku.

Tuitazame sasa siku ya pombe, maana ndipo mambo yote mawili yanapoonekana, uzuri na deni lake.

Pombe yenyewe ni kimpumu, nayo hutengenezwa kwa ulezi. Ulezi unalowekwa, unaachwa uchipue, unaanikwa, unasagwa. Halafu unga unachachuliwa na kusubiriwa. Si kazi ya siku moja wala mbili. Siku ya kunywa, ile togwa nzito iliyokomaa inatiwa chunguni, inamiminiwa maji ya moto, na wanywaji wanakizunguka chungu na mirija yao. Hakuna anayebeba chake akaenda pembeni. Chungu hakihamishiki kirahisi, mrija una urefu wake, kwa hiyo mnakaa. Kikipungua kinaongezwa maji ya moto, ladha inalegea kidogo, maongezi yanaendelea. Ni kinywaji kinachowalazimisha watu watazamane usoni. Mlevi wa haraka hakimfai, kwa sababu kinampa pole pole na kinamnyang'anya siri: kila mtu anaona nani anavuta sana na nani anawaachia wenzake.

Nimewahi kusikia wanaume wakikisifu chungu hicho kana kwamba kiliota pale chini ya mgomba. Kimeletwa na mtu. Aliyeloweka ulezi ni mwanamke, aliyesaga ni mwanamke, maji ya moto yanatoka kwenye moto wake, na kuni amezibeba mgongoni. Zile saa chache za wanaume kuongea zimelipiwa na siku kadhaa za mtu ambaye hakualikwa kuketi. Vivyo hivyo kwa wale wavulana waliokula kwa zamu: ukarimu wao mzuri ulipikwa na mama zao. Vijiji vya marika vilikuwa vya wanaume. Msichana hakuwa na kijiji cha rika lake. Aliolewa akaenda kuishi kati ya rika la mumewe, na kama kulikuwa na marafiki wa utotoni, njia ya ndoa iliwatawanya.

Azimio la Arusha la Februari 1967 lilisema ukweli huu waziwazi kuliko waandishi wengi wa mila. Lilitamka kwamba wanawake wa vijijini hufanya kazi saa 12 au 14 kwa siku, hata Jumapili na sikukuu, na kwamba wanaume wa vijijini huwa likizo nusu ya maisha yao. Kwa hilo Mwalimu Nyerere na TANU walistahili kushukuriwa, na ukienda leo kwenye kisima chochote saa kumi na mbili asubuhi utaona hesabu hiyo haijafutika. Lakini Azimio liliendelea likaziweka soga, ngoma na ulevi katika kapu moja la nguvu zinazopotea, nguvu ambazo zingegeuzwa kuwa utajiri wa nchi. Hapo nadhani lilikosea, na kosa lenyewe limeishi muda mrefu. Kama dhambi ilikuwa kwamba mwanamke hana nafasi, dawa ni kumpa nafasi. Kumnyang'anya mwanamume ya kwake ili wote wawe sawa katika uchovu ni haki ya aina fulani, lakini ni haki inayoacha kijiji kizima bila mahali pa kuongea.

Mwalimu mwenyewe alikuwa mpenzi wa bao. Mashimo 32, kete 64, na wazee wawili wanaoweza kusahau chakula. Sidhani kama alipokuwa ameinamia ubao aliona nguvu za taifa zikipotea. Aliyeandika Azimio alikuwa akipambana na umaskini wa kutisha, nchi changa, bei za mazao zinazopangwa ng'ambo. Katika hali hiyo ni rahisi kila saa isiyozalisha ionekane kama deni. Lakini deni hilo halikuishia kwenye maandishi. Mwaka 1983 ilitungwa sheria ya Nguvu Kazi, na watu wasioweza kuonesha kazi wakakusanywa mijini na kupelekwa mashambani. Mwaka 2016 Rais Magufuli aliwakemea hadharani vijana wanaocheza pool asubuhi. Kila kizazi cha uongozi kimekuwa na kijana wake aliyekaa, na kimemtumia kama picha ya kila kinachotukwamisha.

Nisije nikaisifu Rungwe ya zamani kupita kiasi. Kukaa na watu hakukuwa hiari tupu. Watu waliamini kuna wachawi wenye chatu tumboni, wenye uchu wa nyama na maziwa ya jirani, na aliyechinja akala peke yake alijiweka hatarini kwa namna mbili: wachawi wangemwonea wivu, au yeye mwenyewe angeitwa mchawi. Tena waliamini kwamba pumzi ya majirani, manung'uniko yao dhidi ya mtu mwenye tabia mbaya, huweza kumtia homa ya baridi akaugua. Fikiria maana yake. Jirani zako wakikuchukia kwa sababu ya haki, mwili wako unajua. Kwa hiyo ukarimu ule wa kupakuliana ulikuwa na hofu ndani yake, na mtu mpole asiyependa makundi, ambaye kila jamii humzaa, hakuwa na mahali pa kujificha. Kitabu kinachosifu nafasi bila kumkumbuka huyo kinasema nusu ya jambo. Mimi nadhani haki ya kukaa na watu haiwi kamili bila haki ya kuondoka mapema.

Hata kwenye msiba mchezo haukufukuzwa. Godfrey Wilson aliandika mwaka 1939 makala kuhusu mazishi ya Wanyakyusa, na mgeni anayeisoma leo hushtuka. Maziko huanza kwa vilio vya wanawake, na kilio hakina kificho. Kisha wanaume wanaingia na ngoma, mikuki mikononi, wakicheza mchezo wa vita, wakikimbia na kurukaruka uwanjani. Kadiri siku inavyosonga, uzito unageuka. Vijana wanaangaliana, kuna vicheko, kuna utani, na hakuna anayeona kwamba marehemu amekosewa heshima. Kwa watu hawa kucheza kulikuwa na kazi ambayo machozi hayawezi kuifanya. Hasira ya kufiwa ilitolewa miguuni badala ya kugeuzwa ugomvi, na walio hai walikumbushwa kwamba wangali na mwili. Leo ngoma za mikuki zimepisha kwaya na matarumbeta ya Wamoravian na Walutheri, ambao walifika nchi ya Wanyakyusa mwaka 1891. Lakini usiku wa matanga, chini ya turubai, bado utawakuta watu wakicheza karata na kupiga hadithi za marehemu zinazochekesha mpaka wafiwa wenyewe wakacheka. Mchungaji mwenye hekima hawanyamazishi.

Mwanafalsafa Mjerumani Josef Pieper alichapisha mwaka 1948, nchi yake ikiwa bado magofu, kitabu cha kutetea nafasi. Watu wakati huo walikuwa wakisema kwamba kinachotakiwa ni kujenga tu. Yeye alijibu kwamba nafasi ina mizizi katika sikukuu, na sikukuu katika ibada, na kwamba jamii isiyojua kusherehekea haitajua inajenga kwa ajili ya nini. Nadhani wazee wa Kinyakyusa wangemwelewa haraka kuliko walivyomwelewa wachumi wa Ulaya.

Lakini nimekuwa nikisema zaidi kuhusu kukaa kuliko kucheza, na kucheza kuna siri yake. Mwaka ule ule wa 1938, akina Wilson walipokuwa wakifunga mizigo Rungwe, Mholanzi Johan Huizinga alichapisha kitabu chake Homo Ludens, akidai kwamba mchezo umeutangulia utamaduni: sheria, mashairi, ibada na hata vita vilianza vikiwa na sura ya mchezo. Mimi hunisaidia zaidi Bernard Suits, mwanafalsafa aliyefundisha Kanada, ambaye mwaka 1978 alieleza kwamba kucheza ni kujitakia vikwazo visivyo vya lazima, kwa sababu tu vikwazo hivyo ndivyo vinavyofanya jambo liwezekane.

Mtazame msichana anayecheza mdako. Amechimba kishimo kidogo chini, ndani yake kuna vijiwe kama kumi. Anachotakiwa ni kuvitoa na kuvirudisha. Angeweza kuvizoa vyote kwa kiganja kimoja, na kazi ingekwisha kabla hujamaliza kupumua. Badala yake anarusha kijiwe juu, na kabla hakijatua anatakiwa awe ametoa vijiwe, akarudisha vyote isipokuwa idadi ya zamu hiyo, akakidaka kile cha juu kwa mkono ule ule. Ametumia akili, jicho, mkono na pumzi kulifanya jambo jepesi liwe gumu. Mwenzake anamkazia macho kuhakikisha hajagusa jiwe lisilohusika, na akigusa, anatoa zamu bila askari wala hakimu. Hapo pana sheria ambayo hakuna aliyeitunga kwa nguvu, na utii ambao hauna hofu. Wapi kwingine katika maisha ya mtoto huyo kuna kitu kama hicho? Shuleni sheria ni za wakubwa. Nyumbani pia. Kwenye kishimo cha mdako ni zake na za mwenzake, na mtoto wa miaka tisa anajua kwamba akidanganya, mchezo wenyewe unakufa na hapati chochote.

Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtaja mzazi kuwa na wajibu wa kumpa mtoto chakula, malazi, mavazi, matibabu, elimu, na pia haki ya kucheza na kupumzika. Imewekwa kwenye orodha moja na chakula, na sioni kwamba imewekwa kimakosa. Watoto wanaoamka alfajiri kwa masomo ya ziada, wakarudi jioni na tuisheni, wakiwa na Jumamosi ya tuisheni nyingine, wananyimwa kitu kilichoandikwa. Tunawanyima kwa mapenzi. Tunasema kombolela na rede na chandimu vitasubiri. Havisubiri, mtu wa miaka 30 hawezi kurudi kujifunza kukubali kushindwa na mwenzake wa miaka tisa.

Mpira nao uliwahi kuipa wilaya ya Rungwe siku ambayo wengi bado wanaitaja. Mwaka 1986 Tukuyu Stars, waliojiita Banyambala, wakiwa ndio kwanza wamepanda daraja, walitwaa ubingwa wa ligi ya Tanzania Bara mbele ya Simba na Yanga. Mji mdogo wa mvua na migomba, uliozoea kusikia mpira wa Dar es Salaam kwenye redio, ukawa na mabingwa wa nchi. Kikombe hakikuongeza bei ya chai wala hakikutengeneza barabara. Ukimwuliza mzee wa Tukuyu faida yake ilikuwa nini, swali lenyewe litamshangaza, na mshangao wake ndio jibu zuri kuliko yote niliyoyasoma katika vitabu vya falsafa. Ipo furaha ambayo ukiiuliza inafaa nini, umeshaacha kuiona.

Vijiji vya marika vimekwisha. Havikuuawa na mtu mmoja. Kodi ya wakoloni iliwataka vijana watafute fedha, wakaenda machimbo ya dhahabu ya Lupa, Chunya, wengine wakafika migodi ya shaba ya Zambia na ya Afrika Kusini. Kahawa, kisha chai, ziliifunga ardhi. Mahindi na ulezi unaweza kuviacha ukahamia kijiji kipya na rika lako, lakini mche wa chai unakaa miaka mingi kuliko aliyeupanda, na mwenye mche hahami. Ardhi ikawa finyu. Philip Gulliver, aliyechunguza jambo hilo katika miaka ya 1950, alilionesha wazi. Kijana akabaki kusubiri urithi wa baba badala ya kwenda kujenga na wenzake, na ndugu ambao zamani waliishi mbali wakaanza kugombana mipaka.

Chai ilibadilisha na saa zenyewe. Mahindi yana msimu wa jasho na msimu wa kungoja. Jani la chai katika mvua za Rungwe huchipua mwaka mzima, na mzunguko wa kuchuma ukipita, jani linakomaa na kupoteza thamani. Migomba nayo haina mapumziko. Uzuri wa nchi hii, kwamba haikauki, umekuwa pia ugumu wake: shamba halimwambii mtu kamwe kwamba sasa basi. Anayeisubiri ardhi impe ruhusa ya kukaa na wenzake hataipata. Lazima aitwae.

Na watu wanaitwaa. Ukitoka Kiwira kuja Tukuyu, kila stendi ya bodaboda ina kijiwe chake. Pikipiki zimepangwa, ubao wa drafti uko juu ya kreti, vizibo vya soda vya rangi mbili ndizo kete, upande mmoja vimelazwa kifudifudi na upande wa pili chali. Wanaocheza ni wawili, wanaocheza kwa mdomo ni saba. Abiria akija, mmoja anainuka na mwingine anashika mahali pake bila mchezo kusimama. Ni vijana wa rika moja. Wanachangiana mwenzao akifiwa, wanakopeshana ya mafuta, wanaonyana kuhusu mwendo wa mbio, na mbishi asiyejua kushindwa anafundishwa pale pale, kwa kuchekwa. Mpita njia huona vijana wasio na kazi. Mimi naona kitu ambacho babu zao wangekitambua mara moja, ila hakina ardhi, hakina chakula cha mama, na askari wanaweza kukivunja asubuhi yoyote.

Wanaotukumbusha zaidi maana ya nafasi ni wanawake, ambao mpango wa zamani haukuwapa yoyote. Vikundi vya kuweka na kukopa vimeenea Rungwe kama vilivyoenea nchi nzima. Siku ya kikundi wanakutana, sanduku linaletwa, kufuli tatu zinafunguliwa na watu watatu tofauti, hisa zinahesabiwa, mfuko wa jamii unachangiwa, mikopo inatolewa, aliyechelewa anatozwa faini. Wafadhili na maofisa huandika mambo hayo, na ni mazuri. Ila kufuli zikishafungwa, wengi hawaondoki. Wanabaki. Anayesuka anasuka, anayenyonyesha ananyonyesha, na maongezi yanahama kutoka kwenye riba kwenda kwa mabinti, kwa mume wa fulani, kwa maradhi yasiyosemwa mbele ya wanaume, kwa vicheko ambavyo ukipita njiani unavisikia lakini huvielewi. Hisa ndizo zilizowapa ruhusa ya kutoka nyumbani, kwa sababu hakuna mume atakayekataa fedha. Walichokifuata kwenye saa ile ya mwisho ni kile ambacho wanaume wa nchi hii walikijengea vijiji, na sasa wamekipata bila kumtwika mtu mwingine kazi ya kukipika. Siku hiyo chakula cha jioni huchelewa, na mume mwenye njaa anajua jiko liko wapi.